Mpimaji Mkuu wa Mahubiri

Jumatatu, 3 Machi
Nimeamua. Nitakuwa Mpimaji wa Mafundisho wa kanisa letu, liwalo na liwe! Jana Mchungaji alitangaza kwamba mahubiri yamezagaa kwenye simu za watu, mengine mazima, mengine yamechacha, na anatafuta mtu wa kuyachuja kabla hayajaingia maktaba ya kanisa. Atamteua Jumapili ijayo. Nani anafaa kuliko mimi, fundi redio? Mahubiri yote ya mtaa huu hupitia mezani kwangu, kwenye flashi. Mpinzani ni mmoja tu, fundi cherehani wa jirani. Yule husikiliza hubiri moja kwa siku tatu, Biblia magotini, penseli sikioni. Siku tatu! Mimi nitapima arobaini.

Jumanne, 4 Machi
Mbinu imepatikana. Dakika mbili kwa kila mhubiri. Nasikiliza sauti. Nzito, anapita. Nyembamba, anaanguka. Kufikia adhuhuri nimepima kumi na tisa. Mke wangu, aliyekuja kuulizia pasi yake (siku ya nane naitengeneza), akataka kujua kama nimelinganisha hata moja na Maandiko. Nikamweleza kwamba mwenye kipaji huhisi. Akasema watu wa Beroya walimsikia Paulo mwenyewe, na bado wakaenda kuchunguza. Nikamjibu kuwa Waberoya hawakuwa na spika kama zangu. Akarudi jikoni. Nadhani nilimshinda.

Jumatano, 5 Machi
Mshindi! Mhubiri nisiyemjua hata kwa sura. Nimembatiza Ngurumo. Sauti yake ilitikisa kikombe mezani. Dakika zangu mbili alizitumia kusema Mungu ni mwema. Nani atapinga hilo? Nimerudufu flashi thelathini, nimezibandika karatasi ya kijani, "Yamepimwa", nikazigawa bure. Ya kwanza nimempa shangazi, aliyenilea tangu utoto na sasa anakaa chumba cha uani. Akanibariki. Fundi cherehani naye akaomba. Nikampa kwa moyo mkunjufu. Aumie.

Ijumaa, 7 Machi
Asubuhi mke wangu alimkuta shangazi sakafuni, ameegemea ukuta, anasema chumba kinazunguka. Ameacha vidonge vya presha tangu juzi. Kumbe Ngurumo, dakika ya ishirini na sita, anafundisha kwamba anayemeza kidonge amemwita Mungu mwongo. Dakika ya ishirini na sita! Mimi nilikuwa nimeshaondoka zamani.

Muuguzi wa zahanati akaja mbio, akampima, akasema vidonge virudi leo hii. Shangazi akagoma. "Karatasi inasema yamepimwa," akasema. "Mwanangu hawezi kunipotosha."

Nilitamani ardhi inimeze. Nikajaribu kumwamuru kwa sauti nzito. Hakunitazama. Mke wangu ndiye aliyeketi naye kitandani, akafungua Biblia, akamsomea pale Paulo anapomtaja Luka kuwa tabibu, tena kwa upendo, kisha pale anapomshauri Timotheo atumie divai kidogo kwa ajili ya tumbo lake. Akamwuliza taratibu kama Paulo naye alipungukiwa imani. Shangazi akaivuta Biblia, akaisoma mistari ile mwenyewe. Akaomba maji. Akameza.

Nikatoka uani. Macho yaliniwasha. Vumbi.

Jumamosi, 8 Machi
Shangazi ameamka vizuri, amenigombeza kuhusu viatu vyangu. Nikamshukuru Mungu, nikaingia barabarani kukusanya flashi. Mvua haikunizuia, wala mbwa wa mwenye duka la dawa. Kila mlango nimesema ukweli, kwamba sikusikiliza mpaka mwisho. Mwalimu mstaafu akaniuliza, sasa nilipima nini? Nikasema sauti. Akafunga mlango polepole, kama anayefunika maiti.

Flashi ishirini na tisa zimerudi. Ya thelathini ilikuwa kwa fundi cherehani. Akanikabidhi pamoja na kurasa nne za penseli, kila kosa na andiko lake. Akasema Alhamisi alikuja kunionya, akabisha sana, akadhani sipo. Nilikuwepo. Nilijificha chini ya meza nikidhani anakuja kuniibia mbinu.

Jumapili, 9 Machi
Mchungaji ameteua. Fundi cherehani! Na msaidizi wake ni nani? Mke wangu! Shangazi alipiga vigelegele kwenye benchi la mbele, na nguvu zake zote zimerudi, nimezisikia. Nikasimama, nikakiri mbele ya kanisa kwamba flashi zile zilikuwa kazi yangu. Hakuna aliyeshangaa. Baada ya ibada Mchungaji akanishika mkono, akaniambia hekima huanza kwa kumsikiliza mtu mpaka amalize. Nadhani aliendelea kuongea, lakini nilikuwa nimeshaelewa, nikaondoka.

Jumatatu, 10 Machi
Nimeliona kosa langu! Nilitegemea wahubiri wa watu. Kuanzia leo nitarekodi mafundisho yangu mwenyewe. Somo la kwanza: Jinsi ya Kutambua Mafundisho ya Kweli. Nimetundika mabati ukutani, nimepata mwangwi wa kutisha, nimekunywa chai ya moto vikombe vitatu koo lifunguke. Mke wangu akachungulia, akauliza nimejenga somo juu ya andiko gani. Nikamwomba asinivurugie kazi. Kwanza nirekodi. Andiko nitalitafuta baadaye, nikipata linalokubaliana nami.