Supu Iliyoshika Kama Zege na Mke Mliyemzuia

Kwako Mkwe wangu mheshimiwa,

YAH: KURUDISHWA KWA MKE WANGU KWA SABABU ZA KIUFUNDI

Natumaini wewe, binti yangu na huyo mgeni wenu mdogo hamjambo. Mimi mwili ni mzima. Nakuandikia kwa heshima zote, nikiwa mwashi mstaafu ambaye kuta zake katika mtaa huu hazijawahi kupata ufa, kudai kwamba mke wangu, mliyemwazima aje kumwogesha mtoto wenu, arudishwe mara moja. Sababu ni supu ya njegere.

Usicheke. Mke wangu hupika supu nzito ya njegere kavu, zile zilizopasuliwa, nami nimeila tangu ujana wangu bila kuuliza inatokea wapi. Siku ya safari aliniachia mfuko wa njegere kabatini na maelekezo ya juu juu, huyoo, akapanda basi. Yaliyonipata tangu hapo ni haya:

1. Njegere hazina msimamo. Kazini kwetu kokoto ni kokoto, utaikuta pale pale ulipoiacha. Hizi nazitia sufuriani pamoja na kitunguu, karoti na mfupa wa ng'ombe, nachungulia, ngumu. Nachungulia tena, bado ngumu. Natoka mlangoni kusalimiana na mtu, kurudi, hazimo! Zimeyeyuka zote na hakuna wa kunipa maelezo.

2. Supu ikiiva ni nzuri, sikatai, mimi si mtu wa fitina. Lakini asubuhi nikifunua sufuria nakuta imeshika. Sisemi imekuwa nzito, nasema imeshika, mwiko unasimama wenyewe katikati. Nilimpigia mke wangu simu, akaniambia, bila hata haya, niongeze maji. Mimi! Niongeze maji kwenye kitu kilichokwisha kushika! Mkwe, nimewafukuza vibarua kwa kosa hilo hilo. Zege likishika halitiwi maji, linatupwa, unachanganya jipya. Basi kila asubuhi natupa, napika upya, na mfuko unazidi kusinyaa.

3. Nimedhalilika. Fundi cherehani wa mlango wa pili aliniona namwaga supu kwenye shimo la uani, akauliza kama nimerudi kazini. Sasa amewatangazia wateja wake kwamba mzee wa watu anaziba mashimo kwa chakula. Ni kweli shimo limezibika, tena limekaa sawa kabisa, nimelipima. Lakini hiyo si hoja.

4. Nyumba haina usimamizi. Nasikiliza taarifa ya habari na hakuna wa kunibishia. Nikisema karoti zimekatwa ovyo, kimya, na aliyezikata ni mimi. Sisemi kwamba nimemkumbuka mtu. Nasema kazi isiyo na msimamizi haiendi, hata wewe ofisini kwenu unalijua hilo.

5. Sasa tuje kwa mhusika mkuu, yaani mwanao. Nasikia akibebwa na mtu yeyote asiyekuwa bibi yake analia mpaka anabadilika rangi. Huyo ni mtu asiye na jino hata moja, supu haimhusu ndewe wala sikio, lakini amemng'ang'ania mke wa mtu! Naomba ukae naye, mzungumze kiume, umweleze kwamba mimi ndiye niliyetangulia. Akikaidi, basi aletwe huku pamoja na huyo bibi yake, ninyi wawili mbaki huko mkijipikia njegere, muone inavyokuwa.

Nakupa mpaka mwisho wa wiki. Usipotekeleza, nitapanda basi na sufuria yangu mapajani, niitue mezani kwenu mbele ya wageni, mwiko umesimama, watu wote waone mlichonitenda.

Msalimie sana binti yangu, mwambie ale ashibe. Wasalimie wazazi wako, dada zako, na yule jirani yenu wa ghorofa ya juu anayependa kuimba. Mtoto simsalimii mpaka shauri hili liishe.

Ni mimi mkweo, mwenye kinyongo cha haki,

Baba wa mke wako
Mwashi (Mstaafu)

Tanbihi: Kabla sijafunga bahasha nimekwenda kutupa supu ya jana, nikakumbuka mfuko hauna hata punje. Nikafunga mlango, nikarudishia na pazia, nikatia kikombe cha maji ya moto, nikakoroga. Wallahi imerudi kuwa supu, tena tamu kuliko jana. Kwa furaha nikageuka kumwambia mwenzangu aje aonje, nikajikuta nazungumza na kiti. Basi mkwe wangu, futa namba zote hapo juu. Lalamiko langu ni hilo tu.