Afisa Hakatwi Hata Sekunde

Kwa furaha kubwa, Kamati ya Kusimamia Picha Zinazotembea, ambayo mimi Zachariah Momanyi ndiye mwenyekiti wake, inatangaza kwamba sanaa ya filamu Kisii na Nyamira imeokolewa. Niliiokoa mimi, kwa muhuri.

Hatari yenyewe ilikuwa Abigael Nyasani. Binti huyu kutoka Ekerenyo ametengeneza filamu miaka tisa, za maisha halisi na za kujaribujaribu, bila kuajiriwa na mtu. Zimeonyeshwa hadi ng'ambo. Nyumbani hakuna aliyewahi kuona hata moja, na mama yake, Nyangate, mkulima wa chai, huwaambia majirani kwamba msichana bado anatafuta kazi. Abigael alitaka kibali kimoja tu: aonyeshe filamu katika ukumbi wa kanisa, mama aone.

Tuliitazama kwanza. Dakika kumi na moja za bomba la maji la kijijini. Halitoi maji. Kuku anapita. Basi, mwisho.

Nilimweleza kwa upole kwamba bomba bila afisa si filamu, ni uchochezi. Kamati ikakaa, ikanywa chai, ikaazimia: bomba lizinduliwe upya, mimi nikiwa mgeni rasmi, na uzinduzi uingizwe kwenye filamu. Nawajua hawa watu wa kamera; ukigeuka tu, wamekukata. Kwa hiyo nikaandika kwenye kibali, kwa wino mwekundu, kwamba afisa asikatwe tangu anapofika hadi anapoondoka.

Abigael alikisoma mara mbili. "Hata sekunde moja, mzee?"

"Hata moja."

"Sawa. Naomba uweke sahihi."

Jumapili ya maonyesho ukumbi ulifurika. Nilikuwa nimewaalika wakubwa wangu, maana sifa haziliwi peke yako. Kwenye shuka jeupe nilionekana nikishuka garini, nikakata utepe, nikafungua bomba. Maji yakatoka kwa nguvu. Watu wakashangilia, nami nikapunga mkono. Mtu mwenye adabu angeishia hapo.

Filamu ikaendelea. Nyuma ya migomba likatokea lori la maji, mpira wake wa kunyonyea umezama kwenye tangi linalolisha bomba. Sauti yangu, safi kabisa, ikamwagiza dereva anyonye yote yaliyobaki upesi, kwa sababu saa nane tunazindua bomba lingine kule Keumbu.

Kicheko kilianzia nyuma, kikaja mbele. Nilisimama nikafafanua kwamba hayo ni maji ya maonyesho, ambayo kitaalamu hayapaswi kunywewa na wananchi. Aibu niliyoiona siku hiyo simtakii hata adui.

Ndipo Nyangate akainuka, akajifunga leso yake vizuri.

"Kazi ya Abigael leo nimeiona," akasema. "Sasa wewe, mzee, yako ni gani?"

Mmoja wa wakubwa wangu akageuka kwenye kiti, akasema hata yeye angependa kujua. Nilifungua faili nikaanza kupekua, ukumbi mzima ukinisubiri.