Mti Wenye Pande Nne Zilizo Sawa

Halmashauri ya mji wa Ruoppajärvi iliwatangazia wananchi wake wote elfu tano mia mbili na kumi, pamoja na wasafiri waliosimama kununua petroli, kwamba kuanzia mwaka huu msprusi, mti wa Krismasi wa uwanja wa soko, hautachaguliwa tena kiholela. Zamani mtu alisema, "Chukueni wangu, umezidi ukubwa," trekta likaja, mambo yakaisha. Utaratibu huo ulikuwa na kasoro moja kubwa: haukuhitaji kamati. Sasa kamati ilikuwepo, wajumbe tisa, na mwongozo wa kurasa thelathini na nne.

Aune Kokkonen aliusoma mwongozo wote akiwa jikoni, taa ikiwaka saa sita mchana. Taa iliwaka kwa sababu ya msprusi wake wa uani, uliolikinga dirisha. Miaka arobaini na mmoja iliyopita yeye na marehemu mumewe waliununua ukiwa kwenye chungu, unafika magotini. Waliupamba, na theluji ilipoyeyuka wakauonea huruma, wakaupanda hatua moja kutoka dirishani ili wauone vizuri. Mtaa mzima ulifanya hivyo. Watu wazima wanaojua hesabu walitazama mche wa magotini wakaamini utabaki magotini. Sasa ulikuwa na mita kumi na nne, umeliegemea paa kama mlevi anayemwegemea rafiki. Upepo wa Oktoba ulishang'oa safu mbili za vigae. Kitanda cha Aune kilikuwa chini ya safu ya tatu.

Kwa miaka tisa alikuwa akiomba kibali cha kuukata. Kwa miaka tisa alijibiwa kwamba mti huo ni sehemu ya mandhari ya mtaa, na mandhari inamshukuru kwa uvumilivu wake.

"Basi nawapa," alisema kwenye simu. "Mje muuchukue. Bure."

"Bure nayo ina utaratibu wake, mama," alijibu Riina, karani wa kamati, binti mwenye sauti ya upole ambaye bado aliamini fomu.

Kamati ilifika Jumanne, wote tisa, na ngazi. Mwenyekiti Torsti Hyvärinen aliuzunguka mti, mikono mgongoni, kama daktari mbele ya mgonjwa tajiri. Alipofika upande wa jikoni akasimama.

"Upande huu hauna matawi."

"Kuna ukuta hapo. Matawi yangeota wapi, kwenye sufuria yangu?"

"Uwanja wa soko una pande nne, Aune. Mti wako una tatu."

"Si mnaugeuza tu, upande huo utazame benki! Benki inajali nini Krismasi?"

Wajumbe walicheka. Mwenyekiti alisubiri kicheko kiishe, akaagiza kiingizwe kwenye kumbukumbu.

"Kifungu cha kumi na moja," alisema. "Pande zote ziwe sawa."

"Basi nipeni kibali niukate mwenyewe. Nimechoka kulala nao kichwani."

"Huwezi. Mti huu unalindwa."

"Na ukiniangukia?"

"Ukianguka wenyewe, kibali hakihitajiki."

Kamati iliingia ndani kushauriana. Ilishauriana kwa dakika ishirini, mabirika mawili ya kahawa na mikate kumi na minne ya iliki, ikatoka na uamuzi wa kitaalamu. Kwa kuwa upande wa jikoni hauwezi kuongezewa matawi, pande tatu zilizobaki zitarekebishwa zilingane nao.

Jalmari, mkata miti wa mji, alishusha msumeno wake.

"Mwenyekiti, msprusi si nywele. Unapunguza ncha changa tu, kidogo kidogo. Ukikata tawi mpaka shinani, halichipui tena. Milele."

"Mti utaarifiwa," alisema mwenyekiti.

Jalmari alimtazama Aune. Aune alikuwa amelea wavulana watatu na kuzika mume, na alijua kuitambua bahati hata ikija imevaa tai.

"Mtii mwenyekiti, Jalmari. Mwenzako amesoma."

"Una hakika, shangazi?"

"Usibakize hata kijiti. Mimi ni raia mwema."

Giza lilipoingia saa tisa alasiri, kama kawaida ya majira ya baridi huko kaskazini, uani palikuwa na kitu cha mita kumi na nne chenye kishungi juu, mfano wa brashi ya kuoshea chupa. Pande zake zote zilikuwa sawa. Kamati iliupa alama kumi kwa kumi za ulinganifu, na sifuri kwa mengine yote.

Kesho yake Aune aliandikia halmashauri barua fupi: "Kifungu cha pili cha mwongozo kinasema mti ni mmea wenye shina na matawi. Mimi nina shina tu. Je, nguzo inahitaji kibali?"

Jibu lilikuja siku hiyo hiyo: nguzo si mandhari. Siku iliyofuata, kabla ya chakula cha mchana, Jalmari alikuwa ameshaiteremsha, kipande kwa kipande. Mbingu ikaingia jikoni. Aune aligundua kwamba ukuta wake ni wa njano. Miaka yote alidhani ni kahawia. Akaenda kulala mchana kweupe, kwa makusudi, chini ya vigae vyake.

Mji sasa haukuwa na mti, na taa zilipaswa kuwashwa Jumapili. Kamati iliita kikao cha hadhara. Riina alisoma mwongozo: asipopatikana wa kutoa, mti wenye alama nyingi kuliko yote mjini unahesabiwa kuwa umetolewa. Alikuwa amekagua nyua mia mbili na kumi na mbili, kama alivyoagizwa, na karibu misprusi yote ilikuwa na pande tatu. Mmoja tu ulipata alama mia kwa mia.

"Safi kabisa! Ukatwe leo," alisema mwenyekiti, akatia sahihi na kugonga muhuri. "Wa nani?"

"Wako, mwenyekiti. Ule wa mbele ya nyumba."

Mwenyekiti aliruka kitini.

"Ule hauguswi! Nimeupanda mbali na ukuta! Nimeupogoa kwa mkasi wa mkono, kila kiangazi, miaka ishirini na miwili!"

"Ndiyo maana umepata mia," alisema Riina, kwa dhati. "Hongera sana."

"Nitakata rufaa!"

"Rufaa husikilizwa na mwenyekiti. Lakini mwenye maslahi haruhusiwi kuketi kuisikiliza."

Jumapili mti ulisimama uwanjani, na kwa kweli ulipendeza kutoka pande zote nne. Mwenyekiti alisoma hotuba ya kumshukuru mfadhili, yaani yeye mwenyewe. Aune alimsogelea na kikombe cha kahawa. Hakucheka; anayejua kupanda mti anajua uchungu wa kuupoteza.

"Pole, Torsti. Kunywa, ingali moto."

Kisha akaja Riina na cheti.

"Sahihi hapa, mwenyekiti, kwamba umetoa kwa hiari."

"Na nisipotia?"

Riina alifungua ukurasa wa thelathini na nne wa mwongozo, ambao mwenyekiti alikuwa ameuandika kwa mkono wake mwenyewe.

"Usipotia, inahesabiwa kuwa umetia kwa furaha."