Picha za Visogo

Mvua ya mji wa Olympia haikuwa imekata tangu asubuhi, na gazeti pale mezani kwenye mgahawa lilikuwa limelowa kahawa ya Bisibisi. Hakuimwaga kwa bahati mbaya. Lyle alikuwa ukurasa wa tatu, kakenua meno yote: makumbusho ya mji yanafungua maonyesho ya wanawake wa muziki wa panki leo, na mtunza historia yao ndiye yeye.

"Mtunza makoti!" alibweka Bisibisi, aliyewahi kupiga ngoma kwenye bendi yao ya panki miaka ya tisini mpaka kiwiko kikagoma. "Si alikuwa anatushikia makoti kule nyuma?"

"Ndiyo ilikuwa sheria yetu," alisema Spika, fundi mitambo wao. "Wasichana mbele, wanaume nyuma."

"Na waandishi tukawatimua!" Chachandu, mpiga besi, aliongea na keki mdomoni. "Hakuna mahojiano, hakuna picha. Tukajiona wajanja. Haya, leo mwenye picha nani? Mshika makoti!"

"Kamera yenyewe ilikuwa inaona visogo tu," alisema Spika, akigonga picha gazetini. "Tazama! Visogo, visogo, halafu kule jukwaani kidoa cheupe."

"Chini wameandikaje?"

Bisibisi alisoma taratibu. "Mwimbaji asiyejulikana."

Kidoa kile kilikuwa Corinne, mwimbaji wao, shoga wa Bisibisi tangu shule, waliyemzika mwezi wa tatu. Bisibisi alilipiga gazeti kofi.

"Asiyejulikana! Corinne, aliyemmwagia Lyle bia kwa kujipenyeza mbele!"

"Asiyekuwepo na lake halipo, shosti," Chachandu alisema kwa upole usio wake.

"Lake litakuwepo!"

Mlango ukafunguliwa. Lyle huyo, mwavuli mkononi, tai shingoni.

"Akina dada! Nawatafuta kama dawa. Nisaidieni kutambua visogo, makumbusho wanataka majina."

"Tutatambua chako ukigeuka kuondoka," alisema Chachandu.

"Lyle," Bisibisi alimkazia macho, "mwimbaji humjui?"

"Jina limenitoka. Si mnajua, nilikuwa mbali."

Bisibisi akachomoa kalamu nene nyeusi mkobani. Kabla ya kupanda jukwaani Corinne alikuwa anawaandika mikononi neno la siku ile, matusi mara nyingi. Alivuta mkono wa Spika, akakunja mkono wa koti, akaandika CORINNE, herufi kubwa, kiwiko hadi kiganja. Akamwandika Chachandu, akajiandika mwenyewe.

"Ufunguzi saa ngapi?"

"Saa kumi. Ila, dada zangu, viti vya mbele ni vya wageni rasmi. Nyie labda..."

"Sisi labda nini?"

Bisibisi akavua koti lake bichi la mvua, akamtupia Lyle kifuani. La Spika likafuata. La Chachandu likamfunika tai.

"Shika," alisema Bisibisi, akitoka nje kwenye mvua mikono wazi. "Na ukifika, kaa nyuma."