Maiti Aliyejipigia Muziki

Jumatatu, 12 Machi 2001
Nimeshusha magunia arobaini ya maharage pale uwanja wa ndege wa Bangboka. Mgongo si wangu tena. Ila tajiri wetu, Papa Télesphore, amekubali: Ijumaa napanda ndege yake ya mizigo, narudi kwetu Butembo. Vita vimenifungia Kisangani miaka mitatu. Tatizo ni mke wangu, Katungu. Nilimwandikia kwamba huku mimi ni mwanamuziki wa filamu.

Jumanne, 13 Machi
Si uongo tena. Liévin, mpiga video wa arusi, anatengeneza filamu. Amesikia likembe yangu, kile kinanda cha vidole, amenipa kazi ya kutunga muziki. Timothée, mbebaji mwenzangu na mtu wa kwetu, amecheka. “Yaya, kaka yangu, muziki haionekane. Katungu atajua je ni wewe?” Ana wivu. Lakini amesema kweli. Nimeomba kuigiza pia. Ilibaki nafasi moja: maiti.

Jumatano, 14 Machi
Kwa ushauri wangu tumeweka matawi ya mchikichi barabarani mbele ya nyumba yangu, alama ya msiba hapa mjini. Filamu iwe ya kweli. Kamera hushika sauti na picha pamoja, basi nimepiga likembe chini ya shuka. Wapita njia wameona matawi, wakaingia kulia. Mama Pélagie, muuza chikwangue, ile mikate ya muhogo, amegaagaa chini. Wamesifu muziki, hakuna aliyeuliza unatoka wapi. Hata Timothée amelia kuliko wote, naye anajua ni filamu. Kumbe ana kipaji.

Alhamisi, 15 Machi
Sikwenda kazini. Liévin alitaka machozi zaidi. Nimekufa tena, kutwa nzima.

Ijumaa, 16 Machi
Nimefika Bangboka na sanduku langu. Wabebaji wamekimbia. Papa Télesphore amenibonyeza mkono kwanza, kisha akasikitika. “Bon, uko muzima. Lakini kiti nilishamupa Timothée. Ni yeye alituletea habari ya kifo. Ameenda kumupa Katungu pole.” Ndege iliruka alfajiri. Nyingine ni baada ya mwezi.

Jumamosi, 17 Machi
Dawa imepatikana. Kaseti ya filamu itatangulia kwa mkono wa rubani wa tajiri mwingine, Katungu anione hai. Lakini ndani yake mimi ni maiti tu. Basi Liévin atapiga sehemu ya pili: marehemu anafufuka, anamwoa Colette, muuza samaki wa jirani. Nimeshauri arusi iwe ya kweli kabisa, mtaa mzima ualikwe. Muziki nimeshaanza kuutunga.