Mizani ya Opanyin

Kamati ya Hospitali ya Nkwadum ina furaha isiyo kifani kuutangazia umma kwamba kuanzia Jumatatu hakuna mgonjwa atakayedungwa sindano ya kuzuia damu kuganda kabla hajapandishwa kwenye Mizani ya Maendeleo, ambayo ni zawadi ya mwenyekiti wa kamati hiyo, Opanyin Badu Nkansah, kwa wananchi wake wapendwa.

Tangazo lilisomwa kwa kipaza sauti juu ya pikapu na kusindikizwa na ngoma. Opanyin alilisikiliza chini ya mwavuli, kitambaa chake cha kente begani, akitikisa kichwa kwa mshangao kana kwamba hakuliandika yeye.

Haja ilikuwepo. Dawa hiyo haitaki mzaha. Inakwenda kwa uzito wa mtu, miligramu moja kwa kila kilo. Ukipewa pungufu, bonge la damu lililo mguuni linapata nafasi ya kusafiri hadi mapafuni. Ukipewa kupita kiasi, damu inasahau kusimama. Na Nkwadum, kwa bahati mbaya, ni mji wa watu wenye adabu. Mizani ya zamani ya hospitali ilipovunjika, wauguzi walianza kuwauliza ndugu wa mgonjwa uzito wake, na hakuna ndugu wa Nkwadum atakayesema mbele ya wageni kwamba mtu wake ni mwembamba. Atakuwa amemtukana mgonjwa pamoja na anayempikia fufu. Bibi mmoja mkavu kama ukuni aliandikishwa kilo tisini, akatokwa damu puani siku nzima, huku ukoo wake ukipokea pongezi.

Ndipo ikaundwa Kamati Ndogo ya Uzito. Iliketi, ikala, ikaketi tena, na baada ya upembuzi yakinifu ikabaini kwamba gunia la kakao na mgonjwa wote wana uzito, hivyo kitaalamu hakuna kinachowazuia kutumia mizani moja. Opanyin, ambaye ndiye wakala wa kununua kakao ya wilaya nzima, alikuwa na mizani mbili pacha ghalani mwake. Akatoa moja papo hapo. Ilikuwa sadfa tu kwamba juma lile lile wakaguzi wa mizani walikuwa njiani. Mizani ya hospitali wakaguzi hao hawaigusi. Ile ya pili Opanyin aliipeleka kwa mama mkwe wake ikapumzike.

Siku ya uzinduzi watu walimwomba apande wa kwanza.

"Mimi napima," alisema Opanyin, akikata utepe. "Sipimwi."

Aliyepanda wa kwanza akawa Maame Pokuaa, mkulima wa kakao aliyelala na mama yake Opanyin chumba kimoja enzi za usichana wao. Mguu wake wa kushoto ulikuwa umevimba hadi ukakataa kiatu. Sista Afrakoma, muuguzi wa zamu, alisoma mshale.

"Hamsini na moja."

"Hamsini na moja ya nani?" aliuliza Maame Pokuaa. Alijigeuza kulia na kushoto, akajishika nyonga kwa mikono miwili. "Sista, hii yote umeiona? Mwaka juzi, Kumasi, nilikuwa sitini na nane. Nimekula nini tena, mawe ya kupunguza?"

"Mshale umesema, Maame."

"Huo mshale naujua. Ndio huu huu wa ghalani. Gunia langu linatoka nyumbani limenona, likifika kwa Badu limekondeana."

Watu walicheka. Opanyin pia alicheka, kicheko kifupi, kisha akaenda ofisini kuandika waraka. Waraka uliagiza kwamba uzito unaotambuliwa ni ule uliosomwa na mshale peke yake. Uzito wa mdomo ni uchochezi. Atakayetaka kurekebisha uzito wowote sharti ataje kwa sauti kasoro ya mizani, mbele ya ndugu wa mgonjwa, na uzito ukishatamkwa hivyo haubadiliki mpaka Kamati iketi. Alikipenda sana kifungu hicho. Alijua hakuna mtu Nkwadum anayeifahamu kasoro hiyo isipokuwa yeye na bisibisi yake.

Mambo yakawa mazuri. Watu waliingia hospitali wanene wakatoka kwenye mizani wembamba bila kujinyima chochote. Dawa iliyokuwa ikiisha kwa mwezi sasa ilibaki. Kasoro ilikuwa ndogo: wagonjwa hawakupona.

"Opanyin, mguu wa Maame Pokuaa haupungui," alilalamika Dokta Selasi Agbeko, kijana aliyeletwa kutoka mji wa Ho na ambaye bado alikuwa na haraka. "Natoa dozi ya mtu wa kilo hamsini na moja. Yule si hamsini na moja, hata kipofu anaona. Duka la dawa linanikatalia kuongeza kwa sababu ya waraka wako. Bonge likipanda juu, atakufa."

"Dokta, wewe una kifaa kinachopima kuliko mizani?"

"Nina macho."

"Macho hayajazinduliwa," alisema Opanyin kwa upole.

Mkoa ulipopata habari za dawa iliyobaki, Opanyin aliitwa Accra kupewa ngao. Alikwenda kwa gari siku nzima, akakaa ukumbini siku nzima akisikiliza hotuba, akarudi kwa gari siku nzima, ngao mapajani, bila kunyoosha miguu hata mara moja, maana mtu mzito hateremki kuchimba dawa porini. Alipofika Nkwadum mguu wa kulia ulikuwa umevimba na kuwaka moto. Alipojaribu kupanda ngazi ya nyumba yake, pumzi ilikatika na kifua kikamchoma upande mmoja. Opanyin aliogopa. Hakuogopa kama mwenyekiti. Aliogopa kama mtu yeyote.

Aliingizwa wodini amebebwa. Ilikuwa saa ya kutazama wagonjwa, na kwenye mabenchi wakulima walijaa na mabakuli yao ya supu. Dokta Selasi alimsikiliza kifua, akaubonyeza mguu, akasema bonge limeshaanza safari.

"Sindano sasa hivi. Sista, mpime."

"Andika tu mia na kitu," alihema Opanyin.

"Uzito wa mdomo, Opanyin," Sista Afrakoma alimkumbusha kwa heshima zote, akamsaidia kupanda. Mshale ulipanda, ukasitasita, ukatulia. "Sabini na nane."

Wodi nzima ilimtazama yule mtu aliyeinamisha mizani kama mbuyu uliokatwa, kisha ikautazama mshale. Hakuna aliyecheka. Walikuwa na adabu.

"Sabini na nane," Dokta aliandika. "Hongera, umepungua. Leteni bomba la sabini na nane."

"Selasi, mwanangu, ngoja." Opanyin alimvuta koti. "Hiyo haitoshi."

"Inatosha kabisa kwa mtu wa sabini na nane."

"Mizani... inapunguza. Kidogo."

"Kidogo kiasi gani? Sindano haijui kidogo. Na waraka unasema kwa sauti, mbele ya ndugu."

"Ndugu zangu hawapo! Mke wangu yuko sokoni!"

"Ah, Opanyin!" walisema wakulima, wakiweka mabakuli chini na kusogea. "Sisi ni nani? Si juzi tu kwenye kampeni ulituita ndugu?"

Opanyin alitazama nyuso zile. Kila moja ilikuwa imewahi kusimama mbele ya mshale huu ikiomba gunia lipimwe tena. Kifua kikamchoma, safari hii kwa nguvu. Hapo akaona wazi kwamba kilo alizokuwa akiwaibia wenzake kwa miaka ndizo hizo hizo zilizokosekana kwenye dawa yake.

"Inaiba!" alifoka. "Kila kilo nne inakula moja! Niliikaza mwenyewe! Mimi ni mia moja na nne! Nidungeni, jamani, nakufa!"

Mahali fulani kijiko kilianguka.

"Mia moja na nne," Sista alirudia kwa sauti ya kusomea umma. "Imetamkwa." Na Dokta Selasi, bila kuinua kichwa, alifuta hamsini na moja kwenye cheti cha kitanda cha pili akaandika sitini na nane.

"Mdungeni yeye kwanza," alisema Maame Pokuaa kutoka kitandani humo. "Badu mwanangu, pona. Pona kabisa. Tunakuhitaji mzima msimu wa kakao."

Wote wawili walipona. Wakaguzi walipofika hatimaye waliridhika, kwani Kamati iliwaeleza kwamba tatizo limeshashughulikiwa na jamii yenyewe. Ile pacha nyingine ilirudi ghalani kutoka kwa mama mkwe, na asubuhi ya kwanza ya ununuzi Maame Pokuaa alisimama mbele ya foleni akiwa amevaa viatu vyote viwili.

"Kabla ya gunia langu, panda wewe."

"Maame, mimi si..."

"Wewe ni mia moja na nne. Imetamkwa, iko kwenye waraka. Panda tuone kama mizani inakufahamu."

Tangu hapo Opanyin hupanda kila asubuhi, kente begani, na karani huinama na bisibisi hadi mshale ufike mia moja na nne. Tatizo ni kwamba ugonjwa ulimkondesha. Sasa ana kilo tisini hivi kwa makadirio ya macho, na kila kilo inayomtoka inaingia kwenye magunia ya wakulima. Kubadili uzito uliotamkwa ni lazima Kamati iketi. Na Kamati ikiketi, ajenda ya kwanza itakuwa kusoma kwa sauti jinsi uzito huo ulivyotamkwa. Mwenyekiti hajapata nafasi ya kuiitisha.

Amejaribu kunenepa. Lakini Dokta Selasi amempiga marufuku mafuta, nyama na fufu ya usiku, kwa usalama wa damu yake, na wilaya nzima inausimamia ushauri wa daktari kwa moyo mmoja. Maame Pokuaa humpelekea mchicha uliochemshwa, bakuli tele, na hukaa hapo hapo hadi amalize.