Maneno Yangu Yalikuwa mu Kahawa

Benzangu, leo nilipata haya mbele ya bakwe. Haya ya kweli, ya kutosha jasho mu masikio. Ngoja nieleze miye mwenyewe, maana mudogo wangu Kambale amesha kuanza kutangaza mu Butembo yote.

Leo ndio ilikuwa siku ya kwenda Kalunguta kuombea Kambale bibi. Miye Paluku, mukubwa wa nyumba, ni musemaji. Na kwetu munajua: musemaji anasimama, anasema kwa kichwa. Karatasi hapana! Ukitosha karatasi mu mufuko, bakwe banasema, "Hii jamaa haina mutu." Binti anabaki kwabo. Na kulikuwa jamaa ingine ya Eringeti yenye ilikuwa inamutaka huyu binti, Kavira. Kambale alikuwa halali tena.

Shida ni kichwa changu. Hata Baba Yetu, naisemaka nikiangalia kinywa cha jirani.

Rafiki yangu mumoja, mwalimu, akanifundisha ujanja. "Usijitese na maneno," akasema. "Funga kila sehemu ku kitu cha ile nyumba kwenye utasemea. Ukiona kitu, maneno yanakuja yenyewe." Juma iliyopita nikapeleka salamu kule Kalunguta, nikakaa mu salon, chumba cha wageni cha baba ya Kavira, nikaangalia kila kitu polepole (bakasema niko mutu mutulivu). Redio: salamu. Saa ya ukuta: kuomba musamaha, juu vita ilifunga barabara na tukakosa kuja siku ya kwanza. Mashini ya kushona: kusifu binti. Velo, ile baiskeli ya bluu: mbuzi za mahari.

Nikajifunza juma nzima. Bibi yangu, akiwa ku jiko, ananitupia tu: "Velo!" Mbuzi zote zinatoka bila kukwama.

Na ujanja unatumika! Leo asubuhi ku bariere ya barabara, askari mumoja alikuwa na redio ku mapaja. "Ozokende wapi?" akauliza tunaenda wapi. Naiona tu ile redio, kinywa kikafunguka chenyewe: "Baba na mama wa nyumba hii, tunawasalimia kwa heshima kubwa!" Akaniangalia. Akaangalia Kambale. "Pita na mulevi wako."

Tukafika. Nikaingia mu salon kifua mbele.

Mama yangu! Salon ilikuwa tupu. Benchi, wazee, ukuta. Kumbe jana magaribi batu balisikia kama waaskari batapita kupora, bakafanya vile sisi wote tunafanyaka: kila kitu mbio-mbio mu shamba la kahawa, chini ya majani. Hata saa! Ilibaki musumari.

"Musemaji, tunakusikiliza," baba ya Kavira akasema.

Nikasimama. Nikaangalia kona ya redio. Kona ikaniangalia. Wazee bakakohoa. Kambale akanifinya. Na miye (Mungu anihurumie) nikauliza kwa sauti:

"Redio iko wapi?"

"Redio gani?"

"Ile yenye antena ya kufunga na nyuzi." Hapa nilipaswa kunyamaza. Miye hapana! "Na saa ya ule musumari? Mashini ya kushona je? Velo ya bluu muliipeleka wapi?"

Shangazi ya Kavira akashika kichwa. "Yesu! Anajua hata musumari!"

Muzee, baba ya Kavira, akasimama polepole. "Kijana, ulikuja kuomba binti, ao nani alikutuma kuangalia vitu vyetu?"

Nikaeleza ujanja wa mwalimu. Hakuna mutu aliamini. Nyuma ya pazia nikasikia Kavira analia. Kambale alikuwa anaangalia udongo. Benzangu, pale sikukuwa na hamu ya kucheka hata kidogo.

Nyanya mukongwe wa Kavira njo akatuokoa. "Bamuletee vitu. Akikosa kusema, mumufukuze."

Bandugu ya Kavira bakakimbia mu kahawa. Bakarudia na kitu cha karibu: velo. Naiona tu, maneno yakamwagika: "Na juu ya mbuzi, baba, tunaleta zenye afya, hakuna yenye kuchechemea!"

"Mbuzi mbele ya salamu?" shangazi akalia kwa kicheko.

Ikafuata mashini: nikasifu binti, mikono yake, adabu yake, mupaka pazia ikanyamaza. Ikafuata saa: nikaomba musamaha ya kuchelewa. Ya mwisho kabisa, redio, na jani la kahawa ku antena. Nikainama: "Baba na mama wa nyumba hii, tunawasalimia kwa heshima kubwa!"

Nikakaa. Wazee balikuwa banalala ku benchi juu ya kucheka.

Muzee akapanguza macho. "Kavira ni wenu. Lakini siku ya ndoa, atasema mutu mwingine." Kambale akaruka mupaka karibu apige kichwa ku ukuta. "Na wewe, musemaji," muzee akaendelea, "waaskari bangali banaweza kupita. Rudisha vitu mu kahawa. Wewe njo unavijua muzuri."

Basi nilibeba mashini ya kushona ku kichwa, na viatu vya kanisa, mu matope. Kavira mwenyewe alinifungulia njia. "Wasingya, asante shemeki," akasema, akicheka bila huruma.

Ku kurudia, ule askari wa bariere alikuwa angali na redio yake. Nilipita nikifunga macho, Kambale ananishika mukono.

Tafazali musinicheke. Na mukinialika kwenu, redio muifunike na kitambaa.